Akininunia, mimi ndo naomba msamaha

SWALI: Shangazi shikamoo. Niko Jinja, Uganda, nakaa na mwenzangu mwaka wa tatu sasa, hapigi, halewi, pesa ya chakula anatoa. Shida ni kununa. Juzi nilichelewa kutoka sokoni sababu ya mvua na simu ilikuwa imezima, basi siku nne hakuongea na mimi, pesa anaacha juu ya meza bila neno, nikipika anasema ameshiba, alafu namsikia huko nje anacheka na watu wa boda stejini. Mwisho nikaomba msamaha kama kawaida, na ata sikujua naomba wa nini. Siku hizi kabla sijasema kitu naangalia kwanza uso wake. Mama anasema wanaume ndo walivyo, nivumilie. Nifanyeje?

JIBU: Marahaba mwanangu. Hiyo ya kuangalia uso wake imeniuma kuliko hizo siku nne. Hajawahi kukukataza kitu kwa mdomo, lakini mvua ikinyesha tena utakimbia njia nzima ukiwaza atanuna. Hiyo ni amri, ata kama haijasemwa.

Sisemi kila anayenyamaza ana ubaya, kuna mtu akikasirika maneno yanamkwama kabisa. John Gottman, Mmarekani aliyechunguza wanandoa miaka mingi, anasema moyo ukishapiga zaidi ya mara 100 kwa dakika mtu hasikii vizuri anachoambiwa, apewe angalau dakika 20 atulie. Dakika 20 mwanangu, haya tumpe na usiku mzima alale! Lakini siku nne, na huko stejini anacheka, huyo alishatulia zamani, anangoja we upige magoti. Kupiga magoti kusalimia ni heshima yetu huku, sina neno nayo. Kwa kosa usilolijua, hapana.

Kuchelewa bila kumpa habari, hilo omba msamaha, pengine aliogopa umepatwa na kitu. Basi, liishie hapo. Akinuna tena mwambie mara moja tu, naona umekasirika, ukiwa tayari tuongee, alafu we pika, kula, pigia ndugu zako simu, usimfuatefuate chumba kwa chumba. Na siku mmekaa vizuri mnakunywa chai ndo umwambie inavyokuumiza, mkubaliane kwamba anayetaka kunyamaza aseme ataongea lini, jioni au kesho asubuhi. Hapo utajua kama hawezi kuongea au hataki. Akianza kukunyima ya chakula, au ukiona unamwogopa, nenda kwa ssenga wako, dada wa baba yako, umwambie yote, usingoje siku ya tano.