Barua kwa mwanangu: matunzo yako mkiwa mmetengana

Mwanangu mpendwa,

Umeniuliza kama mumeo bado ana wajibu wa kukutunza, maana umetoka kwake, talaka hamjapeana, na yeye amesema, "Aliyeondoka ajilishe."

Wajibu anao. Huku Tanzania Bara, kifungu cha 63 cha Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 kinamtaka mume ampe mkewe malazi, mavazi na chakula kwa kadiri ya uwezo wake. Kutengana hakuvunji ndoa. Na kifungu cha 115 kinairuhusu mahakama imwamuru alipe akikataa au akipuuza kukuhudumia, akikutelekeza, hata shauri la ndoa likiwa bado linasikilizwa.

Kwa hiyo usilazimishwe kudai talaka ili upate matunzo. Wanawake wengi hupotezwa hapo. Sharti la kupitia kwanza Baraza la Usuluhishi wa Ndoa limewekwa kwa anayeomba talaka. Wewe unaweza kufungua shauri la matunzo Mahakama ya Mwanzo, na siku hiyohiyo uombe amri ya matunzo ya muda, usije ukashinda njaa ukingoja hukumu.

Ugumu utakuja kwenye ushahidi. Hakimu hutazama uwezo wa mumeo, mahitaji yako, mila za jamii yenu, na nani amechangia zaidi ndoa kuvurugika. Mumeo atasema umeondoka bila sababu. Kama alikupiga, tafuta nakala ya PF3, ile fomu ya polisi ya matibabu, na karatasi za hospitali. Kama alikufukuza, zile meseji usizifute, na mjumbe au jirani aliyeshuhudia aje aseme. Nakuomba sana, usiende mikono mitupu ukitegemea machozi.

Kiwango maalumu hakuna, kwa hiyo daftari lako la matumizi ndilo litakalosema. Mfano: kodi ya chumba 60,000, chakula 5,000 kwa siku yaani 150,000 kwa mwezi, dawa na sabuni 30,000, jumla 240,000. Ambatisha risiti. Kisha onyesha anachopata: karatasi ya mshahara, leseni ya biashara, picha za bodaboda zake na namba zake za usajili. Anayetaja kiasi kikubwa bila kuonyesha mume anakitoa wapi hupewa kidogo.

Matunzo ya watoto yadai wazi, yasimezwe ndani ya yako. Hayo ni haki yao wenyewe, nayo Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inayalinda.

Kikao cha ukoo kikifikia mapatano, yaandikwe: kiasi, tarehe, sahihi na mashahidi. Fedha zipite kwenye simu. Ukipokea mkononi, kesho atasema alilipa miezi yote nawe huna cha kujibu. Akiacha kulipa baada ya amri, rudi mahakamani uombe kukazia hukumu, yaani alazimishwe kulipa. Na hali ikibadilika, yako au yake, amri nayo inaweza kubadilishwa.

Nyumba mliyokuwa mnaishi hawezi kuiuza wala kuiweka rehani bila ridhaa yako. Ukisikia madalali wanapitapita, wahi kuweka zuio kwa msajili wa hati.

Cheti cha ndoa kimebaki kabatini kwake, usirudi kukigombania. Omba nakala RITA, wakala wa usajili wa serikali. Daftari lianze leo, hata kama ni kwa bei ya nyanya za jioni.

Mama yako