Gemu moja, nyumba tatu: namna sisi tunavyogawana

Dada wa Nachingwea, nimelisoma swali lako mara mbili. Una watoto watatu. Wadogo wawili wako nyumbani na PS4, ile mashine ya gemu ya PlayStation, mkubwa yuko chuo huku Mtwara na laptop yake, na baba yao anarudi mwezi ujao na Nintendo Switch, mashine nyingine ya gemu. Unauliza kama itabidi ununue kila gemu mara tatu, na kama kuna ubaya ukiwapa wote paswedi moja wamalizane wenyewe. Nitakujibu kwa yaliyonipata, maana hali yako na yangu zinafanana sana. Mimi nafanya kazi Mtwara mjini, mama na dada yangu wako Newala, na dada ana watoto watano. Kwetu Wamakonde mtoto wa dada ni wa mjomba, kwa hiyo gemu ninayonunua sijawahi kuihesabu kuwa yangu peke yangu.

Hilo la kununua mara tatu linategemea duka. Gemu ya kushusha haikai kwenye mashine kama CD. Unacholipia ni ruhusa, na ruhusa hiyo imefungwa kwenye akaunti iliyolipa, ndani ya duka lilelile. Ukinunua Minecraft kwenye duka la PlayStation, mkubwa wako hataikuta kwenye laptop, hata kama barua pepe ni moja. Watu wengi huchanganya kucheza pamoja na kumiliki pamoja. EA Sports FC, gemu ya mpira, inamruhusu mwenye PS5 kukutana uwanjani na mwenye Xbox, mashine ya Microsoft, lakini kila mmoja lazima awe ameinunua kwake. Duka la Microsoft ndilo lina nafuu kidogo: gemu yenye alama ya Xbox Play Anywhere unailipia mara moja ukaicheza kwenye Xbox na kwenye kompyuta ya Windows. Fortnite ni ya bure, na ukiunganisha akaunti ya Epic, kampuni inayoitengeneza, ulichofungua kwenye mashine moja unakikuta kwenye nyingine. Nyingine nyingi zinabaki zilikonunuliwa. Kwa hiyo wewe una vikapu vitatu, na kila kikapu kina sheria zake.

Nianze na PS4, kwa sababu hapo ndipo nilipokosea kwa muda mrefu zaidi.

Kila akaunti ya PlayStation inaruhusiwa kuteua PS4 moja kuwa mashine yake kuu. Ukishaiteua, mtu yeyote mwenye jina lake kwenye mashine hiyo anacheza gemu ulizonunua, hata intaneti isipokuwepo. Wewe mwenye akaunti unaweza kuingia kwenye PS4 nyingine kabisa ukacheza gemu zako huko, ila huko mashine itataka intaneti ili ithibitishe kuwa ni wewe. PS5 inafuata mpango huohuo kwa jina jingine, la kushiriki konsoli na kucheza bila mtandao, na akaunti moja inaweza kuwa na PS4 moja na PS5 moja kwa wakati mmoja.

Mimi nilinunua PS4 mbili za mtumba, moja nikaipeleka Newala. Mashine kuu nikaifanya ile ya chumbani kwangu Mtwara. Niliona ni haki, gemu si nimezilipia mimi? Basi kila bando la dada lilipoisha, gemu zote za Newala ziliota alama ya kufuli. Dada ananipigia saa mbili usiku, "Kaka, wanao wanalia, kuna kufuli tena." Namtumia bando, linafunguka, kesho kutwa limejifunga. Nilitumia pesa nyingi kwa mabando kuliko nilizotumia kwa gemu zenyewe. Ilinichukua karibu mwaka kuelewa kuwa niliipanga kinyume. Mashine kuu inatakiwa iwe pale penye intaneti dhaifu na watu wengi. Mwenye akaunti, ambaye intaneti anayo, ndiye abebe usumbufu wa kuthibitishwa.

Nikaenda Newala, nikaiteua ile ya kwao, nikafuta uteuzi wa yangu. Jumapili ya tarehe 12 Mei 2024, nyaya za chini ya bahari za EASSy na Seacom zilipopata hitilafu na intaneti ikazorota nchi nzima, ndipo nilipoona faida yake. Ulikuwa mwezi mgumu kwetu watu wa kusini, kimbunga Hidaya kilikuwa kimetoka kupita siku chache nyuma na barabara ya Dar es Salaam ilikatika maeneo ya Kilwa. Siku hizo mashine yangu ya Mtwara ilijaa makufuli. Newala watoto walicheza kama kawaida, na dada hakunipigia hata mara moja.

Faida nyingine ya mpango huu: mimi kwa jina langu Mtwara na mpwa wangu kwa jina lake Newala tunaweza kucheza gemu ileile, saa ileile, hata kukutana mtandaoni, kwa nakala moja niliyonunua. Na nikilipia PS Plus, ile ada ya PlayStation ya kucheza mtandaoni, wa kwenye mashine kuu nao wanacheza mtandaoni.

Jambo la kuangalia ni umeme. Mashine kuu ikiungua huwezi tena kuifuta kwenye mashine yenyewe. Yetu iliungua, umeme ulikatika ukarudi kwa nguvu. Ilibidi niingie kwenye akaunti kupitia tovuti na kuondoa uteuzi wa mashine zote kwa pamoja, na hilo unaruhusiwa mara moja tu kila miezi sita. Kwa hiyo usiitumie nafasi hiyo kwa kujaribu-jaribu. Na nunua kifaa cha kulinda umeme kabla ya gemu ya pili.

Sasa paswedi. Hapa nakuomba unisikilize, dada yangu. Mwaka 2021 kuna mtu mtandaoni aliniuzia "nusu akaunti" yenye gemu ya mpira ya FIFA 21 kwa bei iliyokuwa chini mno ya ile ya dukani. Alinipa barua pepe na paswedi, nikaingia, nikaweka, watoto wakacheza wiki tano. Wiki ya sita paswedi ikawa imebadilishwa na simu yake haipokelewi. Sikuwa na pa kwenda kulalamika, kwa kuwa akaunti haikuwa yangu tangu mwanzo, hata jina halikuwa langu. Kilichoniuma zaidi ni mpwa wangu mdogo, aliyekuwa amejenga timu yake kwa wiki zote hizo na hakuelewa kwa nini imepotea.

Ndani ya familia hakuna wizi wa namna hiyo, lakini paswedi moja kwa watu wengi ina madhara yake. Mtoto anaweza kubonyeza kununua kwa kadi yako. Anaweza kuitaja kwa rafiki yake. Na kila anayeingia kwa jina lako anachezea juu ya maendeleo yako. Kila mtoto afunguliwe jina lake chini ya familia yako, wewe uwe msimamizi, paswedi ya anayelipa ibaki na anayelipa. Washa uthibitisho wa hatua mbili, yaani baada ya paswedi inaombwa namba nyingine ya siri, halafu zile namba za akiba wanazokupa uziandike kwenye karatasi. Zetu mama anazitunza kwenye bahasha ya stakabadhi zake za korosho, na sijui mahali salama zaidi ya hapo, kwa kuwa simu zetu zimeshapotea mara tatu na bahasha ile ipo.

Kuna na suala la nchi. Tanzania haimo katika orodha ya nchi za PlayStation Store, kwa hiyo wengi wetu tumefungua akaunti za Marekani au Afrika Kusini. Chagueni nchi moja mbaki nayo, maana kadi ya malipo ya Marekani haiingii kwenye akaunti ya Afrika Kusini, na pesa ikishaingia kwenye duka moja haihami.

Kwa laptop ya mkubwa, nakushauri Steam, duka la gemu za kompyuta. Hapa mambo yamekuwa mazuri kuliko zamani. Mpango wa kwanza, wa mwaka 2013, ulikuwa unaudhi: mwenye gemu akifungua gemu yoyote, aliyeazima alikuwa anapewa dakika chache tu afunge. Mwaka 2024 Valve, kampuni yenye Steam, walileta Steam Families. Mnaweza kuwa sita, gemu zenu zinakuwa kwenye kabati moja, na kila mtu anacheza ya kwake kwa wakati mmoja. Ninyi wawili mkitaka gemu ileile saa ileile ndipo mnahitaji nakala mbili. Kila mmoja anabaki na maendeleo yake. Si gemu zote zinagawika, ukurasa wa gemu unaonyesha kama inaruhusiwa, usome kabla ya kulipa.

Sheria mbili za hapo zilitugusa. Ya kwanza ni ya mwaka mmoja. Mtoto wa pili wa dada alikuja kukaa kwangu kwa masomo, nikamwingiza kwenye familia yangu. Miezi minne baadaye alihamia Masasi kwa kaka yake, naye ana kompyuta na familia yake ya Steam. Tukamtoa kwangu, kule akakataliwa. Anayetoka lazima mwaka utimie tangu siku aliyojiunga ndipo aingie kwingine, na kiti alichokiacha nacho hakijazwi mpaka muda wake uishe. Miezi minane kijana alikaa bila kabati lolote, na kosa lilikuwa langu, nilimwingiza haraka bila kuuliza atakaa kwangu hadi lini. Mpango huu ni wa watu wa nyumba moja, usiingize jirani wala rafiki wa chuo. Mtoto anayesoma mbali na kurudi kwako likizo, kwangu mimi huyo ni wa nyumba.

Ya pili: mtu wa familia akifanya udanganyifu mtandaoni kwa kutumia nakala yako na akafungiwa, nawe mwenye nakala unafungiwa kwenye gemu hiyo. Kaa na kijana wako umwambie kabla, kwa utulivu, kwamba hizo programu za udanganyifu zinazomlengea mchezaji shabaha, anazoziona kwa wenzake, zitakufungia na wewe uliyenunua.

Kuhusu bando, ambalo najua ndilo litakutisha, Steam tangu 2023 inaruhusu kompyuta moja kuvuta gemu kutoka kompyuta nyingine iliyo kwenye Wi-Fi ileile. Mpwa wangu akija na laptop tunaziunganisha kwenye kifaa kimoja cha Wi-Fi na gemu ya GB 60 inahama bila kula bando kiasi hicho. Kwa PS4 tunazungusha diski ya nje: naishushia gemu Mtwara usiku, diski inapanda basi kwenda Newala, inachomekwa kwenye mashine kuu na inafunguka. Iwe ya GB 250 au zaidi, chini ya hapo PS4 haiikubali.

Switch sina, niliitumia ya shemeji. Tangu mwaka 2025 Nintendo wana kadi za gemu za kidijitali. Unamwazima mtu wa kundi la familia gemu kwa siku 14, kisha inarudi yenyewe kwako, na maendeleo yake yanamsubiri akiazima tena. Wakati wa kuazima mashine mbili lazima ziwe karibu. Kwa nyumba yenye Switch moja, kama yenu, haina kazi kwa sasa. Xbox sijaiishi. Ninachojua ni kuwa mpango wake unafanana na ule wa mashine kuu, na unaweza kubadilisha mashine ya nyumbani mara tano kwa mwaka. Kwenye simu, usitegemee kugawana sarafu na silaha zinazonunuliwa ndani ya gemu.

Na usizidharau CD. Wadogo wako wa PS4 wakipata CD za mtumba, hizo hazina kufuli, wala nchi, wala mwaka wa kusubiri, na wakizichoka mnaziuza.

Ningekuwa wewe, ningefungua akaunti zote za kununulia kwa jina lako wewe mama. Najua mkubwa ndiye anayezielewa na atataka zote ziwe kwake. Lakini yeye ataajiriwa, ataoa, atahama, na gemu zilizo kwenye akaunti yake zitaondoka naye wakati wadogo bado wanacheza. Wewe ndiye usiyehama. Hiyo PS4 ya Nachingwea iteue leo kuwa mashine kuu ya akaunti yako. Steam msinunue kitu sasa, ngojeni punguzo la Desemba, ambalo huku kwetu linakuja pesa ya korosho ikiwa imeshaingia. Switch subiri ifike kwanza. Na unapojaza barua pepe ya kufungulia, usikubali ya chuo hata kama kijana ataiandika haraka kwa kuwa ndiyo iliyo wazi kwenye laptop yake. Siku akimaliza masomo inaweza kufungwa, na ujumbe wote wa kurudisha paswedi utakuwa unaenda huko.