Hadithi ya mganga wa chai isiwe chai

Hadithi yangu ya kwanza ya mganga wa chai ilifia Kambi ya Barafu. Nilimpandisha mhusika wangu, mwanamke anayerudisha kumbukumbu za watu kwa kikombe kimoja, hadi mita 4,673 juu ya Kilimanjaro. Huko akachemsha mizizi na majani kwa muda mfupi tu, chai ikatoka nyeusi kama wino. Nikampa jirani yangu asome. Jirani ni mgumu, amebeba mizigo ya wageni mlimani miaka mingi. Alipofika hapo akaiweka karatasi mezani: "Dada, hii chai."

Kwa vijana wa Arusha na Moshi, chai ni stori ya kutunga ambayo mtu anataka umeze kama kweli. Akanieleza kwamba kule juu maji yanatokota lakini hayana moto wa kutosha, na maharage unaweza kuyapika hadi ukate tamaa. Ni kweli kabisa. Kadiri unavyopanda, kanieneo ya hewa, yaani mgandamizo wake, hupungua na maji huchemka mapema: hapa Arusha, kwenye mita kama 1,400, ni karibu nyuzi 95, Barafu ni kama 85, kileleni, mita 5,895, ni kama 80. Mizizi migumu haitoi utamu wake hapo kwa haraka.

Nyinyi mnaoanza kuandika hadithi za namna hii, nawasihi msikimbie kikwazo kama hicho. Mimi nilikichukua. Sasa mganga wangu hupungukiwa nguvu kila hatua anayopanda, na akitaka dawa ya kumbukumbu mlimani lazima aifunge chupa kwenye blanketi na kuikumbatia usiku kucha. Sura hiyo ndiyo wasomaji wanayoniulizia zaidi, na haikutoka kichwani mwangu.

Kama una nafasi ya kujifunza kitu kimoja tu, jifunze maji. Watu huanza na majani, lakini kikombe chote ni maji. Sisi tunaoishi chini ya Mlima Meru tunajua floraidi, madini yaliyoyeyuka majini, hata asiyejua jina lake anaijua kwa meno ya kahawia ya wazee wetu na ya watoto wetu. Inatoka kwenye miamba ya volkano ambamo maji hupita. Kuchemsha hakuiondoi, maji yakipungua sufuriani, yale yanayobaki huwa nayo zaidi. Majani ya chai nayo yana yake. Pale Ngurdoto kuna kituo cha utafiti ambako floraidi huchujwa kwa mkaa wa mifupa ya ng'ombe. Hebu fikiria: mifupa iliyochomwa inasafisha maji ya mlima wa moto! Nimetafuta uchawi mzuri kuliko huo sijaupata. Katika ulimwengu wangu, mwanafunzi wa uganga hukaa mwaka mzima akichoma mifupa kabla hajaruhusiwa kugusa jani.

Ila neno moja hapa. Usimpe mhusika mwovu meno ya kahawia ili tumtambue kwa uovu wake. Kuna watu wamejifunza kucheka huku wamefunika mdomo tangu shule ya msingi. Hadithi yako isiwafunike tena.

Rangi ni rahisi, zijaribu mwenyewe mezani. Kamulia ndimu kwenye chai ya rangi, itapauka papo hapo. Tia chembe ya magadi kwenye glasi nyingine, itakuwa nyeusi. Choya, ile rozela nyekundu, ikikutana na magadi huacha wekundu na kuelekea buluu au kijani chafu, na ndimu huirudisha. Usinywe ya magadi, itazame tu na uandike ulichokiona. Magadi yenyewe unayajua, yale ya Ziwa Natron.

Jani la chai lenyewe halitoki kwetu. Miteremko yetu ni ya kahawa na migomba. Chai inatoka Lushoto, Mufindi, Rungwe. Basi jani la mganga wako limesafiri. Nani kalileta, na kalilipia nini njiani? Jua pia kwamba chai ya kijani na chai nyeusi ni mmea mmoja. Jani jeusi limenyaushwa, likapondwa, likaachwa hewani ligeuke kabla ya kukaushwa. Waandishi wengi huweka nguvu zote kwenye moto, kumbe kazi kubwa hufanywa na hewa na subira.

Kuhusu jina la kazi ya mhusika, nilijaribu "mwanaalkemia", fundi wa zamani wa kugeuza kitu kuwa kingine, likakaa kama jiwe mdomoni. Neno alkemia ni ndugu wa kemia, lilipitia Kiarabu, si baya, lakini mhusika wangu anauza kikombe karibu na stendi. Mganga linanifaa kwa sababu kwetu linabeba wote wawili, wa tunguri na mganga mkuu wa wilaya. Msomaji hajui ni yupi mpaka umwoneshe.

Na hili nalishika kwa nguvu zote: mganga wako asitibu ugonjwa wa kweli kwa mmea wa kweli. Nilipoanza, niliandika mchaichai ukimponya mtoto homa kali, na msomaji mmoja akaniuliza vipimo vya kumpikia wa kwake. Sikulala vizuri siku ile. Nilimjibu ampeleke zahanati asubuhi ileile, kisha nikaifuta sura nzima. Tangawizi, iliki na mdalasini vibaki na ladha na harufu zake. Ukihitaji jani la kufufua kumbukumbu, buni jani, lipe jina ambalo halipo sokoni Kilombero, hapa Arusha.

Mwezi uliopita nilimpelekea tena jirani yangu ile hadithi, imeandikwa upya. Akaisoma yote, kimya, kikombe chake kikapoa. Kisha akauliza: "Huyu mama amefika Barafu na sufuria, majani, blanketi. Maji yake kambebea nani?" Sikuwa nimemwandika mtu huyo. Ndiye ninayemwandika sasa.