Maswali na Majibu: Mkubwa Kazini Tangu Siku Gani?

Tangu nilipogusia kesi za walimu wa vyuo vya homeopathia, aina ya tiba mbadala, nchini India, wanaobishana nani amtangulie mwenzake kwa ukubwa kazini, maswali hayakomi. Nimechagua manne.

Niko Maskati. Jirani yangu ni mtu wa Kerala, na dada yake anafundisha chuo cha homeopathia. Kila mara namsikia yuko mahakamani. Wanagombea nini hasa?

Wanagombea tarehe, ndugu yangu. Shahada ya homeopathia, BHMS, ina masomo kama kumi na mawili, na kila somo lina idara yake ndogo. Profesa akistaafu inafunguka nafasi moja tu. Aliyetangulia kwa wiki mbili kwenye tange, yaani orodha ya watumishi kwa ukubwa kazini, anapanda, na mwenzake huenda akastaafu na cheo kilekile. Ndiyo maana watu wazima, tena madaktari, wanabishana kama barua ilitoka Machi au Aprili.

Kerala, jimbo la India, wana kanuni za utumishi za mwaka 1958. Kanuni ya 27 inasema aliyepitia Tume ya Utumishi wa Umma huhesabiwa ukubwa tangu tarehe Tume ilipompendekeza. Waliopendekezwa kwa orodha moja hufuatana kama majina yalivyopangwa humo. Kwa hiyo aliyewahi basi la alfajiri akaripoti wa kwanza hakupata kitu zaidi ya usingizi uliokatika.

Chuo kikipungukiwa walimu, nani anakibana?

Tume ya Taifa ya Homeopathia, iliyoundwa kwa sheria ya 2020 kushika nafasi ya baraza la zamani la homeopathia la sheria ya 1973. Ikama, yaani idadi ya walimu inayotakiwa, isipotimia, Tume inaweza kukinyima chuo kibali cha kudahili wanafunzi, nacho chuo hukimbilia Mahakama Kuu kuomba zuio. Njia ya mkato ni kuajiri walimu wa muda, wajaze viti wakaguzi wanapokuja. Kwa maoni yangu, kesi nyingi za ukubwa kazini hupandwa siku hiyo, zikaja kuvunwa miaka kumi baadaye.

Miaka hiyo ya kufundisha kwa muda inahesabiwa? (Mwalimu, Morogoro)

Inategemea mtu aliingia kwa mlango gani. Mwaka 1990, majaji watano wa Mahakama ya Juu ya India waliamua kesi ya wahandisi wa Maharashtra, ambayo mawakili hawachoki kuitaja mpaka leo. Aliyeajiriwa kwa kufuata kanuni huhesabiwa tangu siku ya kuajiriwa, hata akichelewa kuthibitishwa. Aliyewekwa kuziba pengo tu, nje ya kanuni, muda huo haumsaidii kwenye tange.

Halafu ikaja hukumu ya mahakama hiyohiyo katika kesi ya Umadevi, 2006: kukaa muda mrefu katika ajira ya muda hakumpi mtu haki ya kudumu. Mlango mdogo uliachwa kwa waliofikisha miaka kumi katika nafasi zilizoidhinishwa, wenye sifa, na ambao hawakubakizwa kazini kwa amri za mahakama. Hukumu hiyo ni kali, na inamuuma mwalimu kuliko serikali iliyomtumia miaka yote hiyo. Lakini mfikirie na yule aliyefanya usaili akashinda. Naye akubali kutanguliwa na aliyeingia bila kushindanishwa na mtu?

Mtu anaanzia mahakama gani, na ana muda gani?

Penye baraza la utumishi la jimbo, chombo cha kuamua mashauri ya watumishi, kama Kerala, mtumishi wa serikali huanzia hapo. Tangu hukumu ya Mahakama ya Juu ya 1997, Mahakama Kuu huja baadaye. Sheria ya mabaraza hayo, ya 1985, inatoa mwaka mmoja tangu uamuzi wa mwisho wa mwajiri, ingawa baraza laweza kumsikiliza aliyechelewa kwa sababu nzito.

Jambo moja wengi hawalitarajii: ukitaka tange ibadilishwe, wale watakaoshuka lazima waunganishwe kwenye kesi. Yaani unamshtaki, kwa jina lake, mtu mnayekunywa naye chai kila siku saa nne katika chumba cha walimu.