Maswali ya Wasomaji: Je, Ninunue Pakiti ya Nyumba za Kupanga?

SWALI: Shikamoo Mjibu Maswali. Mimi ni msomaji wa kike, naishi Sinza na nimeajiriwa katika duka la vifaa vya ofisi. Tangu gemu la The Sims 4 lilipoanza kutolewa bure nimekuwa nikilicheza usiku baada ya kazi, na ninachokipenda kuliko vyote ni kujenga nyumba. Familia ninazoziweka humo huwa naziacha baada ya siku mbili tatu na kuhamia kiwanja kingine. Sasa nimeona tangazo la pakiti ya nyongeza iitwayo For Rent, ambayo humwezesha mchezaji kuwa mwenye nyumba na kupangisha, na moyo wangu umeelekea huko, kwa sababu nimekulia katika nyumba ya kupanga na navijua visa vyake. Bei yake ni dola 39.99. Rafiki yangu anashikilia kwamba nikinunua kitu kingine kabla ya pakiti ya Seasons nitakuwa nimetupa fedha, na kijana mmoja wa Kariakoo ameniahidi kuniwekea pakiti zote kwa shilingi 15,000. Kompyuta yangu mpakato ina memori ya gigabaiti 8. Nifanye nini?
*Msomaji, Sinza*

JIBU: Marahaba, msomaji wetu. Katika barua yako kuna jambo ulilolitaja kwa kupita tu, nami naliona kuwa na uzito kuliko bei na kuliko ushauri wa rafiki yako: unajenga kwa furaha, kisha unawaacha wakazi wa nyumba zako baada ya siku mbili tatu. Pakiti ya nyongeza haimbadilishi mchezaji tabia. Humpa zaidi ya kile ambacho tayari anakifanya kwa hamu, na mengine yote hukaa humo bila kuguswa ingawa ameyalipia.

Kwa faida ya wasomaji wasiolijua gemu hili, mfululizo wa The Sims ulianza mwaka 2000, ukiwa umebuniwa na Will Wright katika kampuni ya Maxis, na unachapishwa na kampuni ya Kimarekani ya Electronic Arts. Mchezaji huumba watu, huwajengea nyumba, huwatafutia kazi na kuwaangalia wakiishi. Toleo la nne lilitoka Septemba 2014 na liliuzwa kama magemu mengine hadi tarehe 18 Oktoba 2022, gemu la msingi lilipofanywa kuwa la bure. Mlango ukawa bure, lakini viti vya ndani vinauzwa: pakiti kubwa za nyongeza kwa dola 39.99, za kati kwa dola 19.99, za vitu kwa dola 9.99, na vifurushi vidogo kabisa, vilivyoanza mwaka 2021, kwa dola 4.99. Pakiti unayoitaka ni ya daraja la juu, na kwa bei ya dola ya miaka hii ni shilingi 100,000 na ushee. Kwa mwajiriwa wa dukani hilo si jambo la kuamua kwa kutazama tangazo, ambalo kwa kawaida huonyesha dakika chache zilizo tamu kuliko zote.

For Rent ilitoka Desemba 2023. Inakuja na mji mpya uitwao Tomarang, uliobuniwa kwa kufuata miji ya Asia ya Kusini Mashariki, na inakuruhusu kugawa jengo moja katika makazi mpaka sita, kila moja likiwa na wakazi wake. Ukiwa mwenye nyumba unapanga kodi na kuweka masharti. Wapangaji wanalalamika, ukungu unaota ukutani, umeme unaleta hitilafu, na ukiwapuuza kupita kiasi wanaweza kukugomea. Majirani husikilizana mlangoni. Mtu aliyekulia Manzese au Tandale ataona mengi anayoyafahamu, isipokuwa kwamba huko hakuna dalali anayedai kodi ya mwezi mmoja kwa kazi ya kukuonyesha chumba.

Tatizo ni kwamba karibu yote hayo hujitokeza kadiri siku za ndani ya gemu zinavyopita. Kodi huingia kwa wakati wake, uhasama wa wapangaji hukua polepole, na ukungu unahitaji muda wa kupuuzwa. Mchezaji anayeondoka siku ya tatu hayafikii, na pakiti kwake inabaki kuwa ruhusa ya kugawa jengo pamoja na vitu vipya vya ujenzi. Vitu hivyo sivibezi hata kidogo, kwani vimefuata nyumba za nchi za joto, na kwa mjenzi wa pwani yetu vinaelekea kufaa zaidi kuliko nyingi za zile nyumba za kizungu zilizojaa katika gemu la msingi. Lakini dola 40 kwa ajili ya vitu peke yake ni nyingi mno, wakati vingi vya vile vifurushi vya dola 4.99 vimetengenezwa mahususi kwa mtu ambaye raha yake ni kujenga na kupamba.

Kwa hiyo, kabla ya kutoa hata senti, ninakushauri uigize wazo la pakiti hiyo kwa gemu ulilo nalo. Gemu la msingi linaruhusu watu hadi 8 katika kaya moja, na halilazimishi wawe ndugu. Waumbe watu wanane wasiojuana, wenye tabia zinazogongana. Jenga nyumba ya Kiswahili kamili: korido katikati, vyumba vitatu huku na vitatu kule, na uani kuwe na jiko na choo cha kushirikiana. Milango inaweza kufungwa ili kila chumba kiingiwe na mwenyewe tu, na jambo hilo liliongezwa bure zamani. Kisha jilazimishe kukaa nao, bila kujenga kiwanja kingine, mpaka ujue nani anamchukia nani na nani hasafishi choo. Ikiwa baada ya jioni kadhaa bado unataka kurudi kuwaona, basi For Rent itakufaa, kwa kuwa itaondoa ubandia wa kaya moja na kuwafanya wapangaji kuwa kaya zinazojitegemea, huku wewe ukiwa na cheo cha mwenye nyumba. Ikiwa utawachoka mara tu utakapomaliza kupaka rangi ukuta wa mwisho, utakuwa umepata jibu bure.

Njia ya pili ya kujipima inahusu ujenzi wenyewe. Ndani ya gemu kuna Gallery, ghala la pamoja ambamo wachezaji duniani kote huweka nyumba zao, na kila nyumba huonyesha pakiti zilizotumika kuijenga. Zikusanye zile zinazokuvutia kwa dhati kisha uangalie ni pakiti gani inajirudia. Mara nyingi jina litakalojitokeza si lile linalotangazwa kwa nguvu wakati huo, na mimi huuamini ushahidi wa namna hii kuliko maoni ya wachambuzi wa video, ambao baadhi yao hupewa pakiti mapema bila malipo.

Sasa kuhusu rafiki yako. Hajakudanganya, ila amekushauri kana kwamba unacheza kama yeye. Seasons, iliyotoka Juni 2018, haina mji mpya, lakini huleta mvua, jua kali, baridi na theluji katika miji uliyo nayo, kila mji kwa tabia yake ya nchi, na kwa kila familia, iwe ya zamani au ya leo. Pia unatunga sikukuu zako mwenyewe na desturi zake, kiasi kwamba unaweza kuwaandalia watu wako Idi, Pasaka na hata Saba Saba. Kwa mchezaji anayekaa na familia moja vizazi na vizazi, naafiki kwamba hiyo ndiyo pakiti ya kwanza kununua, kwa kuwa haipiti siku bila kuiona kazi yake, tofauti na pakiti ambazo mambo yake yamejifungia katika ajira fulani au mji mmoja. Kwako wewe mjenzi, manufaa yake ni madogo kidogo. Pengine baraza na paa pana vitapata maana mvua ikinyesha, lakini tena lazima uwepo inyeshe ukiona.

Kuhusu kijana wa Kariakoo, kataa. Ukiacha sheria ya hakimiliki, ambayo peke yake ingetosha, nakala zilizovunjwa kufuli hazipati masahihisho rasmi, haziingii Gallery, na programu za kuvunjia kufuli ni njia inayojulikana ya kuingizia virusi katika kompyuta, ambayo bila shaka ndiyo hiyo hiyo unayofungulia barua pepe na akaunti yako ya benki. Masahihisho hasa ni ya muhimu kwa For Rent, kwa sababu ilipotoka wachezaji wengi walilalamikia hitilafu zilizoharibu michezo waliyokuwa wameihifadhi, na marekebisho yalifuata baadaye. Hata ukiwa na nakala halali, kabla ya kuingiza pakiti yoyote nenda kwenye folda ya The Sims 4 ndani ya Documents, unakili folda ya saves na kuiweka kwenye flashi.

Memori ya gigabaiti 8 ni ile inayopendekezwa kwa gemu hili, kwa hiyo hapo huna wasiwasi mkubwa. Angalia zaidi nafasi ya diski na bando lako, kwa kuwa upakuaji ni mkubwa na bado kuna masahihisho yanayokuja mara kwa mara. Nunua katika duka lile lile la mtandaoni ulikopakulia gemu la msingi, kwa kadi ya benki iliyoruhusiwa malipo ya mtandaoni au kadi ya kidijitali inayofunguliwa kupitia pesa za simu. Kama unatumia Steam, moja ya maduka ya magemu ya mtandaoni, fahamu kwamba unaweza kuomba kurudishiwa fedha ndani ya siku 14, mradi tangu ununue pakiti uwe umecheza gemu hilo kwa muda usiofika saa 2. Wala usinunue kwa bei kamili. Pakiti zilizokwisha kukaa sokoni hupunguzwa bei mara kadhaa kwa mwaka, nyingine hadi nusu, na wewe huna mwenye nyumba anayekugongea mlango. Uamuzi wangu, kwa jinsi ulivyojieleza, ni huu: fanya jaribio la nyumba ya Kiswahili, na kama hukulimaliza, chukua kifurushi kimoja cha ujenzi, kama ulilimaliza na bado una hamu, ingoje For Rent ishuke bei, na Seasons iwe ya mwaka unaofuata.

SWALI: Mwanangu wa miaka 13 anacheza gemu hilo hilo kwenye PlayStation ya mjomba wake na anataka nimnunulie pakiti ya wanyama. Binamu yake anayo kwenye kompyuta. Haiwezekani wakashirikiana? Je, linamfaa umri wake?
*Mama, Kimara*

JIBU: Haiwezekani, mama. Pakiti iliyonunuliwa kwa kompyuta haihamii kwenye PlayStation, hata kama mwenye akaunti ni mmoja. Ukiamua kumnunulia, inunuliwe katika duka la PlayStation kwa akaunti anayotumia kijana, na ukitumia kadi ya salio uhakikishe kwanza akaunti hiyo ilifunguliwa kwa nchi gani, kwa sababu kadi ya nchi nyingine haitakubali. Kwa kuwa mashine si yenu, zungumza na mjomba kwanza. Pakiti itabaki kwenye akaunti, na ikiwa akaunti ni yake, yeye ndiye atakayekuwa nayo. Kuhusu umri, Ulaya gemu limepewa daraja la miaka 12 na Marekani la miaka 13. Lina mapenzi yanayodokezwa na vifo visivyo na damu. Keti naye jioni moja utazame, kwa kuwa wewe unawajua watoto wako kuliko hao wapanga madaraja.

SWALI: Si afadhali kungoja The Sims 5, au kuhamia inZOI, lile gemu jingine la kuigiza maisha?
*Msomaji, Tabata*

JIBU: Mwaka 2024 Electronic Arts ilieleza kwamba haina mpango wa kuibadili The Sims 4 kwa toleo la tano, bali itaendelea kuiongezea huku ikitengeneza miradi mingine pembeni, kwa hiyo anayengoja anaweza kungoja sana. inZOI, ya kampuni ya Krafton ya Korea Kusini, ilianza kuuzwa Machi 2025 ikiwa bado haijakamilika, kwa bei ile ile ya dola 39.99, na inahitaji angalau memori ya gigabaiti 12 pamoja na kadi ya picha yenye nguvu. Kompyuta mpakato nyingi za ofisini zinazouzwa mitumba hapa mjini hazifikii hapo, hivyo soma kwanza sifa za mashine yako, kisha ndipo uangalie picha nzuri za gemu.