Mwanangu Uhura, ile "a" haikukosewa

Mwanangu,

Ujumbe wako nimeusoma mara tatu. Unasema ulipokwenda kushughulikia pasipoti, walikuta cheti cha kuzaliwa kina Uhura na kitambulisho kina Uhuru, na karani akakushauri ule kiapo mbele ya wakili ili uwe Uhuru kila mahali, maana "Uhura si neno." Ukaniuliza: "Baba, jina hili ulilitoa wapi? Na je, nilibadilishe?" Mambo haya hayaishi kwa simu, ndiyo maana nakuandikia.

Cheti nimekitoa kwenye kile kisanduku cha bati, kiko hapa mezani. Ukikipata, kitazame vizuri. Karani wa mwaka 1983 aliandika Uhuru kwa wino wa buluu, kwa sababu sikio lake lilisikia lilichozoea. Nikamwambia mwisho ni a. Akasema, "Mwalimu, hakuna neno hilo." Sikuondoka dirishani, foleni imejaa nyuma yangu, mpaka akachukua kalamu nyeusi, akaifunga ile u kwa juu ikawa a, akagonga muhuri pembeni. Ndiyo maana herufi ya mwisho imenenepa kuliko nyingine. Ulipofika miaka 18 ukaenda kuchukua kitambulisho, aliyenakili aliona u. Mimi sikuwapo kumsahihisha, na limeniuma hadi leo.

Sasa nikurudishe Ngomeni, pwani yetu ya Malindi. Tarehe 12 Desemba 1970, siku ya Jamhuri, nilikuwa na miaka 13. Babu yako hakwenda kuvua siku hiyo. Kule baharini zilikuwapo zile meza kubwa za chuma za Waitalia za kurushia roketi, San Marco na Santa Rita, zimesimama kwa miguu yao majini, na mashua hazikutakiwa kukaribia. Tulikaa ufukweni tukingoja roketi irushwe. Kwanza tuliona mwanga, kisha moshi mweupe ukinyooka juu, na mkuki ule tayari umeshapanda ndipo mngurumo ukatufikia kifuani. Nilimuuliza babu yako kwa nini sauti imechelewa. Akaniambia, "Kaulize shuleni." Nikauliza, na sijaacha kuuliza tena, ualimu wangu wa fizikia ulianzia kwenye mchanga ule.

Roketi ile ilibeba setelaiti ya Wamarekani, ya kwanza kabisa kutengenezwa kwa kazi moja tu: kutafuta nyota zinazotoa miale ya eksirei. Miale hiyo haifiki ardhini, hewa yetu huizuia, kwa hiyo sharti uifuate juu. Na waliichagua pwani yetu kwa sababu iko karibu na ikweta, ambako mzunguko wa dunia wenyewe huisukuma roketi. Aliyesimamia mradi, mhandisi wa NASA, shirika la anga la Marekani, aitwaye Marjorie Townsend, akaipa jina Uhuru, kwa heshima ya sikukuu ya nchi iliyowapokea. Setelaiti hiyo ilifanya kazi zaidi ya miaka miwili, na orodha yake ya mwisho ilifika vyanzo 339 vya eksirei angani. Vipimo vyake vilisaidia kuonyesha kwamba kimojawapo cha vyanzo hivyo, Cygnus X-1, huenda ni shimo jeusi, yaani kitu chenye mvutano mkubwa hata mwanga hautoki ndani yake. Kiongozi wa wanasayansi wake, Riccardo Giacconi, alipata Tuzo ya Nobel mwaka 2002. Neno letu liliandikwa kwenye vitabu vya nyota, mwanangu, na mimi nililiona likiondoka.

Basi mwaka 1981 nikiwa nafundisha Mombasa, rafiki yangu akanichukua kwenda sinema kutazama filamu ya Star Trek, ile ya 1979. Ndani ya chombo cha angani ameketi mwanamke mweusi, mawasiliano yote yako mikononi mwake, na nahodha anamwita Uhura. Kwanza nilidhani Mzungu ameshindwa kulitamka. Lakini kila walipomwita ilikuwa hivyo hivyo, Uhura, na yeye anaitika. Nilitoka pale jina likinizunguka kichwani.

Historia yake niliipata baadaye sana. Mwigizaji, Nichelle Nichols, alisimulia kwamba alipokwenda kufanyiwa usaili mwaka 1966, alikuwa na kitabu mkononi chenye jina Uhuru. Gene Roddenberry, aliyeutunga Star Trek, wakati huo ukiwa bado mchezo wa televisheni, akalipenda neno, likalainishwa mwisho likawa jina la mwanamke. Msimu wa kwanza ulipokwisha bibi huyo alitaka kuacha kazi. Martin Luther King, yule mpigania haki za watu weusi wa Marekani, ndiye aliyemsihi abaki. Na kuanzia mwaka 1977 akaifanyia NASA kazi ya kuwashawishi wanawake na watu weusi waombe kuwa wanaanga.

Karani wako ana haki kwa jambo moja. Neno ni uhuru, hali ya mtu aliye huru, na asili yake ni Kiarabu. Kubadili u ya mwisho kuwa a hakulifanyi la kike kwa Kiswahili. Juma, Musa, Issa na Hamza wote wanaishia na a na ni wanaume. Hiyo a ni ya ng'ambo, na nililijua hilo nilipoliandika. Kina Uhuru tulikuwa nao tayari, watoto waliozaliwa miaka ya bendera kupanda, akiwemo mtoto wa Mzee Kenyatta, aliyezaliwa 1961. Wewe nilikutakia jina lenye mzizi wetu ambalo halijavaliwa na mtu hapa kwetu. Neno lilikuwa limetoka kwetu, likavuka bahari, likarudi limevaa sura ya mwanamke anayetazama nyota. Nikalipokea kama mgeni aliyerudi nyumbani.

Bibi yako hakukubali. Alitaka Mwanakombo, jina la mama yake, kama ilivyo desturi yetu, na mpaka anafariki hakukuita vingine. Sikumlaumu. Ulikuwa na majina mawili, na yote mawili uliyaitikia.

Unakumbuka karatasi ya gazeti niliyoibandika kwenye mlango wa kabati mwaka 1992? Ulikuwa darasa la tatu. Yule ni Mae Jemison, mwanamke mweusi wa kwanza kwenda angani, naye amesema wazi kwamba Uhura wa televisheni alimtia hamu tangu utotoni. Ulinionyesha picha kwa kidole ukasema, "Huyu ananijua?" Na mwaka 2009, filamu mpya ilipotoka, ulinipigia usiku kuniambia kwamba jina la kwanza la Uhura ni Nyota. Ulikuwa umefurahi hata maneno yanakupotea. Sijasahau sauti ile.

Kwa hiyo jibu langu: ningekuwa mimi, ningesahihisha kitambulisho kifuate cheti. Hakuna kosa kwenye cheti. Lakini jina ni lako, umelibeba miaka yote hii kwenye ofisi ambazo mimi sikuwapo, na ukiona limekuchosha, kiapo ni haki yako na sitakasirika. Nitaendelea kukuita ninavyokuita.

Kama utaamua kulibakisha, nitakula kiapo mimi mwenyewe kwamba herufi ile ilirekebishwa mbele ya macho yangu, na kwa ombi langu. Wakili wa hapa Malindi nimeshaongea naye, yuko tayari Jumatano. Cheti nimekitia ndani ya bahasha mbili na karatasi ya nailoni. Binamu yako anasafiri Nairobi kwa basi la Ijumaa usiku. Mpokee kituoni, usimwache azunguke nacho mjini.

Baba yako