Koyoti wa jangwani anapofungua mdomo

Ndugu, umeuliza kama yule koyoti wa katuni (mnyama wa Amerika anayefanana na mbwa mwitu) anayeongea mbele ya sungura Bugs Bunny ndiye yuleyule anayemfukuza kimyakimya ndege mwenye mbio, Road Runner. Ndiye. Alianza mwaka 1949, katika filamu ya katuni ya mwongozaji Chuck Jones iliyoandikwa na Michael Maltese, na humo hasemi neno. Sauti alipewa mwaka 1952 katika Operation: Rabbit, na ndimo alimojitaja jina, Wile E. Coyote.

Mimi naipenda sana hiyo ya pili. Anakuja na mlango wake mwenyewe, anausimamisha jangwani, anabisha hodi, kisha anamweleza sungura kwa adabu zote kwamba atamla, kwa hiyo ajisalimishe tu. Majivuno hayo ndiyo yanayomponza. Yumo ndani ya kibanda akijaza karoti nitrogliserini, kilipuzi cha majimaji, huku sungura anakiburuta kibanda kizima kwa trekta hadi kwenye reli. Treni inakuja!

Kwa Road Runner hana wa kumtambia, hivyo kimya kinamfaa: macho yake yanatosha kutuambia kwamba ameshajua anaanguka. Anza na hizo mbili, moja baada ya nyingine.